Nying Ng'a? Jina lililotoka Kisian hadi Uturuki na kurudi

Ukitoka mjini Kisumu kwa barabara ya Busia, ukaupita uwanja wa ndege na Otonglo, unafika Kisian, mahali njia inapogawanyika. Moja inapanda kwenda Maseno na Busia, nyingine inashika Bondo hadi Usenge. Reli ya Butere nayo inapita papo hapo. Upande wa juu kuna vilima vya mawe makubwa, na upande wa chini ziwa linametameta kati ya migomba. Wasafiri wengi wanapajua Kisian kwa kushuka matatu moja na kupanda nyingine. Watafiti wa afya wanapajua kwa kituo cha KEMRI, ambacho kwa miaka mingi kimechunguza malaria na maradhi mengine ya ukanda huu. Mimi ninapajua kwa sababu mpwa wangu ameolewa huko.

Jumamosi moja alinipigia simu. "Nera," akasema, maana ndivyo Mjaluo anavyomwita kaka wa mamake, "kuna jina nataka unitafutie maana yake kabla sijaliandika kwenye fomu."

Alikuwa na binti wa wiki 3. Jina lenyewe lilikuwa Sanem. Alilipata katika tamthilia ya Kituruki iitwayo Erkenci Kuş, iliyoanza kuonyeshwa kwao mwaka 2018, ambamo msichana Sanem anapendana na kijana aitwaye Can. Aliitazama mfululizo alipokuwa mjamzito, usiku usingizi ukimpaa. Kisha akafungua orodha ya majina ya watoto kwenye simu, akakuta imeandikwa kwa ufupi: Sanem, Kituruki, mwanamke mrembo. Akaridhika, ila si sana. Ndiyo maana akanipigia.

Nilipofika siku ya pili, nilimkuta mamamkwe wake ameketi chini ya mwembe na ungo wa omena mapajani, akichambua mawe na vijiti. Huyu mama ni nyar Asembo, binti wa Asembo, na hivyo ndivyo kila mtu anavyomwita kwa heshima. Mpwa wangu alimweleza kwa nini nimekuja. Mama hakuuliza jina hilo lina maana gani. Aliuliza kwa Dholuo, bila kuinua macho kwenye ungo: "Nying ng'a?"

Ni jina la nani?

Mpwa wangu hakuwa na jibu. Nami sikuwa nalo. Nilirudi nyumbani na maswali mawili: lile la kijana, "maana yake nini?" na lile la mzee, "ni la nani?" Nimeandika makala haya kwa sababu niligundua kwamba mzazi anayetaka kumpa mtoto jina la kigeni hana budi kuyajibu yote mawili, na kwamba la pili ndilo zito.

Kulifuata neno hadi kwenye mzizi

Nilianza na la kwanza. Kabla ya kuiamini orodha yoyote ya majina ya Kituruki, ni vyema kujua kwamba majina hayo huchotwa katika visima vitatu: Kituruki chenyewe, Kiarabu na Kiajemi. Orodha nyingi huyatia yote katika kapu moja na kuyaandika "Kituruki", kisha msomaji asijue amebeba nini.

Majina ya kisima cha kwanza ni maneno ya kawaida ya Kituruki. Deniz ni bahari. Yağmur ni mvua. Toprak ni udongo. Demir ni chuma. Güneş ni jua. Mtu wa kandokando ya ziwa akiyasikia hayo atajiona yuko nyumbani, kwa kuwa huku pia mtoto wa mvua ni Okoth au Akoth, na aliyezaliwa jua la utosini ni Ochieng' au Achieng'.

Kisima cha pili, cha Kiarabu, msomaji wa Kiswahili anakijua kuliko anavyodhani. Kinachomchanganya ni maandishi tu. Mwaka 1928 Uturuki iliacha hati za Kiarabu ikachukua herufi za Kilatini, na baadhi ya herufi hizo zina sauti zake. Herufi c husomwa kama j yetu. Ile yenye mkia, ç, ni ch. Ş ni sh. Kwa hiyo Cuma ni Juma, Recep ni Rajabu, Şaban ni Shabani, Ayşe ni Asha, Hatice ni Hadija, Zeynep ni Zainabu, na Bereket ni Baraka. Yule kijana wa tamthilia anayeandikwa Can haitwi "Kan" wala "Chan". Anaitwa Jan, na neno hilo, lililotoka kisima cha tatu cha Kiajemi, maana yake ni roho au uhai. Wazazi wa hapa wakimwandika mtoto Can bila kujua hivyo, mwalimu wa chekechea atamwita anavyoona, na kwa Dholuo "chan" ni umaskini.

Nikafika kwa Sanem. Uturuki ina taasisi ya lugha iliyoanzishwa mwaka 1932, nayo ina kamusi maalumu ya majina ya watu. Humo Sanem lina maana mbili: ya kwanza ni sanamu inayoabudiwa, na ya pili, kwa njia ya mafumbo, ni mwanamke mzuri sana. Neno limetoka Kiarabu, sanam, lile lile lililotupatia sisi "sanamu". Washairi wa zamani wa Mashariki waliwafananisha wapenzi wao na sanamu zilizochongwa, zenye uzuri wa kumfanya mtu apige magoti. Ndipo neno likawa jina la binti, na huko Uturuki ni jina zuri lisilomtia mtu haya.

Lakini Kisian si Uturuki. Huyu ni mtoto atakayekulia katika nyumba ambamo kila Jumapili watu hupanda kanisani na Biblia mkononi, katika nchi ambamo mwanafunzi yeyote wa darasa la kwanza anajua sanamu ni nini. Mshairi aliyelitukuza neno hilo hatakuwepo uwanjani wenzake watakapomwita.

Na mtego wa aina hii hauko kwa Sanem pekee. Sema ni jina la kike la Kituruki lenye maana ya mbingu. Bora ni jina la kiume, nalo ni upepo mkali wa dhoruba. Ada ni jina la kike, maana yake kisiwa. Yote ni majina mazuri kwao, lakini mtoto aitwaye Sema katika shule ya Kiswahili ataambiwa aseme hadi achoke, na Ada atakumbushwa karo kila muhula. Waturuki wenyewe hawajaepukana na mitego hiyo. Wana jina la kike Kezban, ambalo asili yake hutajwa kuwa Kiajemi, likimaanisha mwenye nyumba, mama anayetawala kwake. Lakini sauti yake inakaribiana na neno la Kiarabu la mwongo, na Kezban wengi wamelazimika kulitetea jina lao maisha yote. Kwa hiyo jina linaweza kuwa safi katika mzizi wake na bado likachafuka masikioni mwa jirani.

Kituruki kilichokwisha kufika

Mtu anaweza kuuliza Kituruki na Kisian vimekutania wapi kabla ya tamthilia. Vimekutana barabarani. Askari akisimamisha matatu pale njia panda, dereva anamwita "afande". Neno hilo ni efendi la Kituruki, bwana au mheshimiwa. Lilikuja na askari kutoka Sudan, waliokuwa chini ya jeshi la Misri lililotumia vyeo vya Kituruki. Mmoja wa watawala wao katika jimbo la Ikweta alikuwa daktari Mjerumani aliyezaliwa Eduard Schnitzer, ambaye utumishi katika dola ya Kituruki ulimbadilisha hadi jina, na historia inamjua kama Emin Pasha. Emin ndiye Amini wetu, na pasha ni cheo. Mwaka 1891 Kapteni Lugard aliwachukua askari wake akawaingiza Uganda, na wao na wenzao ndio waliokuja kuwa sehemu ya jeshi la kikoloni la KAR. Wazao wa askari hao wa Sudan ni Wanubi, ambao Kisumu wanajulikana kwa makazi yao ya Kibos. Shaushi na ombasha, vyeo walivyovaa babu zao, ni çavuş na onbaşı.

Ninalitaja hili ili tusidhani kwamba majina na maneno ya mbali yalianza kuingia kwetu na runinga. Yamekuja siku zote, kwa meli, kwa bunduki, kwa kitabu cha dini na kwa biashara. Tofauti iko katika kuyapokea: afande tumelifanya letu kwa sababu tulijua linamhusu nani.

Kamusi haitoshi, hata ya kwetu

Nilipomaliza na Sanem, nikajaribu zile zile orodha za simu kwa majina ya Kijaluo, nipime kama zinaaminika. Nilikuta maneno yametafsiriwa vyema, na visa vyote vimepotea.

Chukua Okello na Akello. Kelo ni kuleta. Orodha inakwambia "aliyeletwa" au "aletaye", na mzazi wa mbali anaona ni jina la zawadi. Lakini Okello ni mtoto anayezaliwa baada ya mapacha. Odongo na Adongo wanatoka katika kubaki, na huyo ni pacha wa pili, aliyebaki tumboni mwenzake alipotangulia. Opiyo au Apiyo ni yule aliyefanya haraka. Okumu na Akumu ni mtoto aliyetungwa mimba kabla mama yake hajarudia siku zake tangu uzazi uliopita. Ouma na Auma alizaliwa uso ukitazama chini, na Owino na Awino alizaliwa amezungukwa na kitovu. Maneno haya ukiyatoa katika visa vyake, yanakuwa kama funguo zilizookotwa njiani: ni za chuma kizuri, lakini hujui zinafungua mlango gani.

Swali la mama wa Asembo linakwenda mbali zaidi. Zaidi ya jina la wakati na la namna ya kuzaliwa, Wajaluo wana nying juogi, jina la mzee aliyetangulia ambaye anataka akumbukwe. Mzee huyo huja katika ndoto ya mmoja wa ndugu. Au mtoto hulia bila kukoma, hakuna joto mwilini wala njaa, na wakubwa hukaa wakitaja majina ya marehemu mmoja baada ya mwingine. Likitajwa jina fulani mtoto akanyamaza, basi limepata mwenyewe. Ndiyo sababu mzee anauliza "nying ng'a?" Kwake jina ni mtu kwanza, halafu ndipo likawa neno.

Watu wa barabara hii wamewahi kulipia msimamo huo. Jaramogi Oginga Odinga wa Bondo alibatizwa Obadiah Adonijah, kisha akayaacha majina hayo. Katika kitabu chake Not Yet Uhuru cha mwaka 1967 anaeleza jinsi alivyovutana na wakuu wa kanisa alipotaka wanawe wabatizwe kwa majina ya kwao. Mmoja wa wana hao alizaliwa Maseno mwaka 1945, mwendo mfupi kutoka Kisian, akaitwa Raila Amolo. Raila hulinganishwa na ayila, mmea unaowasha mwili ukiugusa. Nani angekuta katika orodha ya majina ya watoto neno "mmea unaowasha" akalichagua? Lakini hadi alipofariki Oktoba 2025 na kuzikwa kwao Bondo, hakuna aliyelisikia jina hilo akauliza kama ni zuri au baya. Mtu alikuwa amelijaza.

Kwa upande mwingine, Siaya iliupa ulimwengu Barack. Babu yake aliitwa Hussein Onyango Obama: jina la Kiislamu, jina la mtoto aliyezaliwa asubuhi jua likiwa limepanda, na jina la ukoo. Barack limetoka katika mzizi ule ule wa Kiarabu ulioleta Baraka kwetu na Bereket kwa Waturuki. Novemba 2008, matokeo ya uchaguzi wa Marekani yalipotangazwa, hospitali za Kisumu zilipata akina Barack na Michelle wengi. Hawakupewa majina ya kigeni tupu. Ukimwuliza mama wa mmoja wao "nying ng'a?" angekujibu mara moja.

Sababu ambayo mpwa wangu hakuisema

Nilirudi Kisian wiki iliyofuata. Nilimweleza mpwa wangu habari ya sanamu. Alicheka kidogo, halafu akanyamaza, akainama kumrekebisha mtoto kwenye titi. "Basi nitafutie jingine, Nera," akasema. "La Kituruki, la Kichina, lolote. Mradi lisiwe hili wanaloniitia."

Hapo ndipo nilipojua kwamba mtoto alikuwa na jina tayari. Nyumba nzima ilimwita Awiti.

Wito, kwa Dholuo, ni kutupa. Owiti ni mvulana aliyetupwa, Awiti ni msichana. Mpwa wangu, ambaye amesoma Nairobi na kukulia huko, alikuwa amelitafuta jina hilo kwenye simu kama alivyoyatafuta mengine, akaona limeandikwa neno moja: aliyetupwa. "Nimezaa watoto wawili kabla ya huyu," akaniambia. "Wa kwanza aliishi siku 9. Wa pili hakumaliza mwezi. Huyu nimempata, halafu aitwe takataka?"

Sikujibu. Nilitoka nikakaa na mama wa Asembo chini ya mwembe, nikamwomba anieleze alivyomtupa mjukuu wake.

Alieleza bila haraka. Siku mtoto alipoletwa nyumbani kutoka hospitalini, alimchukua akiwa amefungwa katika leso kuukuu, si ile mpya iliyonunuliwa sokoni Kibuye. Alitoka naye hadi kwenye kijia kinachoingia bomani, akamlaza juu ya majani, akamwacha, akarudi jikoni bila kugeuka nyuma. Mwanamke wa boma la pili, aliyekuwa ameambiwa mapema, akapita kama mtu anayekwenda zake mtoni. "Akasimama," mama akasema, akiweka ungo chini ili mikono iwe huru kuonyesha. "Akasema kwa sauti: 'Jamani, mtoto wa nani huyu ametupwa?' Hakuna aliyejibu. Akasema: 'Basi nimeokota wangu.' Akamleta hapa, akamwambia huyu mwali: 'Nimeokota mtoto njiani, nisaidie kumnyonyesha.'"

Kifo kilikwisha kupita katika nyumba hii mara mbili, akaeleza. Kinaijua njia na kinamjua mama. Kikija mara ya tatu kimkute huyu si mtoto wa nyumba hii, ni kitu kilichotupwa, cha mtu mwingine, kisicho na thamani. Kiondoke. Tangu siku hiyo yule jirani naye ni mama wa mtoto.

Nilipomwuliza kama anaamini kifo kinaweza kudanganywa, alinitazama kwa muda. "Japuonj," akasema, yaani mwalimu, "hospitali walimpiga sindano, na nikasema asante. Kanisani wakamwombea, nikasema amina. Mimi nami nilikuwa na changu cha kutoa."

Satı, Dursun, Yaşar

Usiku ule niliirudia kamusi ya Kituruki, safari hii nikitafuta kitu kingine. Nilitafuta majina ambayo neno lake ni baya.

Nilikuta Satılmış. Maana yake ni "aliyeuzwa". Nilikuta mwenzake wa kike, Satı. Nilikuta Dursun, "abaki", na Durmuş, "amebaki". Nilikuta Yaşar, "anaishi". Katika vijiji vya Anatolia majina haya yalipewa watoto waliozaliwa baada ya wengine kufa. Mtoto aliwekwa nadhiri kwenye kaburi la walii, au "aliuzwa" kwa mdomo na senti kidogo kwa jirani ambaye wanawe walikuwa wazima, ili asihesabiwe tena kuwa wa nyumba iliyoandamwa. Kisha akaitwa Satı, yaani huyu si wetu, tumekwisha kumuuza.

Nilibaki nimeshika kalamu. Kutoka kijia cha Kisian hadi nyanda za juu za Anatolia ni maelfu ya kilomita, lugha hazina undugu, dini ni tofauti. Lakini mama wa huko aliyezika wawili na mama wa huku aliyezika wawili wamefika kwenye mlango mmoja. Mmoja ametupa, mwingine ameuza. Na si wao tu. Wayoruba wa Nigeria wana Durojaiye, "baki uyafaidi maisha". Lile "duro" lao la kubaki linafanana na "dur" ya Waturuki kwa sadfa tu. Wakikuyu wana Kariuki, aliyefufuka, na Njoki, aliyerudi.

Wala majina hayo hayakuwazuia wenyewe kusimama mbele za watu. Mwaka 1935, Waturuki walipochagua wanawake kuingia bungeni kwa mara ya kwanza, mmojawapo alikuwa mwanamke wa kijijini karibu na Ankara, Satı Çırpan. Mwenye jina la binti aliyeuzwa aliketi akitunga sheria za nchi. Mwaka 1948, katika Olimpiki ya London, mpiga mieleka Yaşar Doğu alichukua dhahabu. Jina lake lilimwombea aishi tu. Yeye akaishi na kupita hapo.

Kwa mzazi aliye na fomu mezani

Sisemi kwamba mtu asimpe mwanawe jina la Kituruki. Ninasema alitafute kwa bidii inayostahili kitu ambacho mtoto atakivaa kila siku hadi kaburini. Kwanza ajue jina limechotwa kisima gani, kwa maana "Kituruki" mara nyingi ni Kiarabu au Kiajemi. Ajue herufi zake zinasomwaje kwao, na aamue ataliandika kwa tahajia yao au yetu. Kisha alitamke kwa sauti kwa Kiswahili, kwa Kiingereza na kwa lugha ya bibi yake mtoto, asikilize linagusa neno gani huko. Aulize ni la kike au la kiume. Deniz, kwa mfano, ni la wote. Akipata mtu wa lugha hiyo, asiishie kumwuliza neno lina maana gani. Amwulize: kwenu nani huitwa hivi, na kwa sababu gani? Hapo ndipo orodha za simu zinapokatikia.

Halafu afanye uchunguzi huo huo nyumbani. Wengi wetu tunajua maana ya Deniz na hatujui ni kwa nini shangazi yetu aliitwa Akumu. Wanaojua wanazeeka, na wakiondoka yatabaki maneno matupu kwenye kamusi.

Sheria nayo haimkimbizi mzazi. Chini ya Sheria ya Usajili wa Vizazi na Vifo, Sura ya 149, uzazi unapaswa kusajiliwa ndani ya miezi 6, na mzazi aliyesajili mtoto bila jina, au aliyelibadili jina, ana miaka 2 tangu usajili kuliandikisha. Kuna wakati wa kumtembelea bibi.

Fomu

Nilipompelekea mpwa wangu majina hayo ya Anatolia, nilimsomea nikiyatamka polepole. Aliposikia Satı, alinikatiza. "Walimuuza kweli?"

"Kwa mdomo tu," nikamwambia. "Ili abaki."

Alimtafsiria mamamkwe wake kwa Dholuo. Mama wa Asembo alisikiliza hadi mwisho, akauliza kama yule wa bungeni aliishi miaka mingi. Nikasema aliishi hadi utu uzima. Akatikisa kichwa kama mtu aliyepata salamu za ndugu wa mbali. "Kumbe na wao walizika," akasema.

Fomu ilikuwa mezani chini ya kikombe. Jina Sanem lilikuwa limeandikwa kwa penseli, kwa mwandiko mdogo wa mtu asiye na hakika. Mpwa wangu alichukua kifutio cha mtoto wa shemeji yake, akafuta, akapuliza vumbi, akaandika kwa kalamu ya wino. Sikuinama kutazama. Haikuwa kazi yangu tena, kwa kuwa mtoto ni wa Kisian, na mjomba ni mgeni.

Tulikuwa bado mezani wakati sauti ya mwanamke iliposikika kutoka kijiani. Ilikuwa ya yule jirani, ana ndizi kichwani, anaita kabla hajafika langoni jinsi watu wa huku wanavyoita.

"Awiti!"

Mpwa wangu aliinuka na mtoto begani, akasogea mlangoni aonekane.

"Entie," akajibu. Yupo.